Roboti la kufagia likigoma: namna ya kuliriseti, na namna ya kuyaandika upya maelekezo yake ili nyumba nzima iyaelewe

Haya maroboti ya kufagia siku hizi yamejaa, ukienda kwenye maflati mapya ya Fumba utayakuta, ukienda nyumba za wageni za Paje na Jambiani utayakuta yanapigana na mchanga, na wengine tumeletewa na ndugu zetu wa Dubai na Maskati ndani ya mabegi pamoja na maziwa ya unga na manukato. Kuwa nalo si tabu. Tabu inaanza siku likigoma, mana kijitabu chake kimejaa Kichina na Kiingereza kigumu, na aliyepo nyumbani saa hiyo sio wewe ulienunua, ni bi mkubwa, au dada anaesaidia kazi, au mtoto karudi skuli, na wewe uko kazini unaelekeza kwa simu "hapo, sio hapo, pale pengine" mpaka vocha inakwisha.

Kwa hiyo hapa nataka tufanye mambo mawili kwa pamoja, tujue kuliriseti, halafu tuyaandike maelekezo kwa maneno yetu kwenye karatasi moja ibandikwe ukutani.

Kabla ya yote, hili neno riseti lenyewe. Kwenye vijitabu vingi neno hilo hilo moja linabeba kazi tatu ambazo hazifanani, mbili hazina madhara na ya tatu inakufutia kila kitu, na hapo ndipo watu wanapoumia. Basi zipe majina matatu tafauti na usiyachanganye tena.

Ya kwanza ni ZIMA-WASHA. Roboti limepigwa na bumbuwazi, taa zinawaka lakini haliendi, au linazunguka pale pale, au halijibu ukilibonyeza. Unalizima kabisa na kuliwasha. Ramani ya nyumba inabaki, saa ulizolipangia za kufagia zinabaki, hakuna kinachopotea. Matatizo mengi yanaishia hapa hapa.

Ya pili ni SAHAU-WAIFAI. Hii ni pale ulipobadilisha rauta, au paswedi ya waifai, au umehama nyumba. Roboti linafagia vizuri tu ukilibonyeza kwa mkono, ila kwenye simu linakwambia halipo hewani. Hapa unalisahaulisha mtandao wa zamani ili uliunganishe na mpya. Kwa kawaida ramani inabaki, lakini angalia sana usije ukaanza kwa kulifuta roboti ndani ya apu, ukilifuta kule unaweza ukaondoka na ramani zako zote.

Ya tatu ni FUTA-YOTE, yaani unalirudisha kama siku lilivyotoka kwenye boksi. Ramani zinakwenda, majina ya vyumba uliyokaa ukaandika yanakwenda, yale maeneo uliyolikataza yanakwenda, ratiba inakwenda, na kama ni la Kichina linaweza likaanza tena kukusemesha Kichina. Hii ifanywe na mtu mmoja tu nyumbani, na sababu za kuifanya ni chache sana: unaliuza, unampa mtu, umelinunua la mtumba, au hizo mbili za juu zimeshindwa kabisa.

Sasa vitufe vyenyewe. Kila kampuni ina yake kwa hiyo lazima ufungue kijitabu cha lako, ila nitakupa mifano miwili mana ndio aina zinazoonekana sana.

Roomba zenye namba zinazoanza na i, kwa mfano, zima-washa yake ni kitufe kile kikubwa cha katikati kilichoandikwa CLEAN, unakibonyeza na kidole kinabaki hapo kiasi cha sekunde ishirini, ukiachia utaona taa nyeupe inazunguka kwenye duara, basi liache, linaweza kuchukua dakika na nusu kabla halijakaa sawa. Watu wengi wanaharibu hapa, wanaona kimya wanabonyeza tena, na kila ukibonyeza unalikatisha.

Roborock za zamani kama S5 zina vitufe vitatu juu, na ukifunua mfuniko utakuta kitufe kidogo mno cha riseti pembeni mwa taa ya waifai. Hicho ukikibonyeza peke yake ni zima-washa. Sahau-waifai ni vitufe viwili kwa pamoja, kile chenye picha ya nyumba na kile cha kufagia sehemu moja tu, unavigandisha vyote viwili mpaka lizungumze, na sauti utakayosikia ina neno "waifai" ndani yake hata kama hujui Kiingereza. Futa-yote ni kugandisha kile cha nyumba huku unabonyeza kile kidogo cha riseti mpaka lizungumze. Umeona ilivyo? Kitufe kidogo kile kile, peke yake hakina dhara, ukikitia pamoja na jirani yake kinafuta nyumba nzima. Ndio mana nasema karatasi iandikwe vizuri.

Baadhi ya maroboti ya bei ya chini hayana mambo yote hayo, yana swichi moja tu kwa chini au ubavuni, ya kuwasha na kuzima, na zima-washa yake ndio hiyo hiyo, zima, ngoja kidogo, washa. Usiwaze sana.

Haya tuje kwenye kuandika, na hapa ndipo penye kazi.

Kosa la kwanza ni kuchukua kijitabu ukakipiga picha ukakitia kwenye apu ya tafsiri, halafu ukatoa kopi kama kilivyo. Utaletewa "weka upya roboti". Ukimpa bi mkubwa karatasi inayosema weka upya roboti atalinyanyua, ataliweka tena pale pale, atakwambia nimeshaliweka, na hana kosa hata kidogo, kafanya ulichomwambia. Au utaletewa "rudisha roboti kizimbani". Kwa mtu wa Unguja Kizimbani ni kule kwenye mashamba ya viungo wanakopelekwa watalii kunusa karafuu na mdalasini, na kwa mtu mwengine kizimbani ni mahakamani, sasa roboti limekosa nini mpaka lishitakiwe. Sema "lirudishe kwenye chaja yake" basi, au kama nyumbani mnasema "mahala pake pa kulala", andika hivo hivo.

Na hilo ndilo jambo lenyewe, andika neno ambalo nyumba yenu tayari wanalitumia. Kwetu roboti tunamwita Kasa, kwa lile umbo lake na mwendo wake, kwa hiyo karatasi inasema "Kasa akigoma" na hakuna anaeuliza Kasa ni nani. Nyengine nimeona wanaliita "dada mpya", sawa, ni juu yenu, ila neno likishachaguliwa liwe hilo hilo kuanzia juu mpaka chini. Usiandike roboti mstari wa kwanza, kifaa mstari wa pili na mashine mstari wa tatu ukadhani unapamba lugha, mtu atatafuta vitu vitatu.

Chukua mstari kama huu ambao vijitabu vingi vinao: bonyeza na ushikilie kitufe cha kuwasha kwa sekunde kumi hadi kiashiria kimemeteke, kisha achilia. Kiswahili chake kizuri tu, lakini mtu asiejua atakwama sehemu nne. Kitufe cha kuwasha ni kipi mana vyote vina vipicha? Kushikilia maana yake nini, anakishika kwa vidole viwili? Sekunde kumi anazihesabu vipi? Na kiashiria ni kitu gani? Mimi naandika hivi: "Juu ya Kasa kuna vitufe vitatu. Weka kidole kwenye cha katikati, kibonyeze, kidole kibaki hapo hapo usikitoe. Hesabu tasbihi pole pole mpaka ya kumi. Taa ikianza kuwaka na kuzimika, toa kidole." Maneno yameongezeka, najua, lakini kila neno lina kitu cha kuona au cha kushika.

Hiyo ya kuhesabu usiidharau. Ukimwambia mtu sekunde ishirini akiwa na wasiwasi anahesabu mpaka ishirini kwa kasi ya mnada wa samaki, ni sekunde saba hizo, halafu anakwambia haifanyi kazi. Kama nyumbani kuna tasbihi mpe ashike mkono wa pili, au mwambie aangalie mshale mwembamba wa saa ya ukutani. Lakini bora kuliko vyote ni kumpa alama ya roboti lenyewe, "mpaka lizungumze", "mpaka taa izunguke", "mpaka lipige mlio", mana roboti halikosei hesabu. Sekunde ziwe ni za kumpa moyo tu asikate tamaa mapema.

Kushoto na kulia nako kuna mtego. Roboti ni duara, ukiligeuza kushoto kunakuwa kulia, na kijitabu kinachukulia tu kwamba unajua wapi ni mbele. Andika kwanza "ligeuze mpaka ile sehemu inayogonga ukuta iangalie mbali na wewe", ndio uanze mambo ya kushoto na kulia. Au fanya rahisi zaidi, chukua rangi ya kucha, tia nukta nyekundu kwenye kitufe cha zima-washa, na karatasi iseme "kitufe chenye nukta nyekundu". Hapo hata mtoto wa darasa la pili hakosei. Kitufe cha ziada kinacholeta futa-yote usikitie rangi yoyote, na futa-yote usiitaje kabisa kwenye karatasi ya ukutani.

Halafu kuna lile tundu. Maroboti mengine kitufe cha riseti kimo ndani ya kitundu na kijitabu kinasema tumia sindano, na wanawake wa nyumbani wote kitu cha karibu ni pini ya mtandio, ni kali mno hiyo na inaweza kuchoma kisichohusika, tena kuna vitundu vyengine ni vya spika au maiki, ukikosea umetoboa. Njiti ya meno nayo inavunjikia ndani. Andika "nyoosha klipu ya karatasi, iingize taratibu mpaka usikie kimebonyea", na bandika hiyo klipu pale pale kwenye karatasi kwa selotepu ili isitafutwe.

Onyo liandike kabla ya kitendo, sio baada. Vijitabu vina tabia ya kukwambia bonyeza hivi na hivi, halafu mstari wa chini kwa maandishi madogo, zingatia kwamba data zote zitapotea. Asante sana, nishabonyeza. Kuna nyumba moja ya wageni pwani ya mashariki ramani ilikuwa na vyumba vyote na majina yake, mfanyakazi akafata maelekezo neno kwa neno kwa sababu waifai imekata, akafika mwisho ndio akasoma kuwa kafuta. Kafanya kazi yake vizuri, aliyeandika ndio wa kulaumiwa. Kwa hiyo mstari wa kwanza wa maelekezo uwe ni "Kama Kasa anafagia vizuri na shida ni simu tu, usibonyeze kitu, nipigie."

Na kweli hebu tuzungumze hayo mambo ambayo hata riseti haitakiwi, mana nusu ya safari ni hizo. Umeme umekatika, au TUKUZA (umeme wetu wa kulipia kabla) imekwisha usiku na nyote mmelala, roboti limekaa kwenye chaja isiyo na umeme mpaka betri imeshuka chini kabisa. Asubuhi haliwaki. Hapa usiriseti, lirudishe kwenye chaja umeme ukiwepo na uliache masaa kadhaa, mengine yakiwa yamekufa kabisa hata taa hayaonyeshi mpaka yapate chaji kidogo. Angalia pia zile chuma mbili za kuchajia, za roboti kwa chini na za chaja yenyewe, kwa hewa yetu ya chumvi zinashika ukungu na kutu, zifute kwa kitambaa kikavu, na kama ni chafu sana tia spiriti kidogo kwenye kitambaa, maji hapana.

Linakwenda nyuma nyuma na kukataa kuingia ukumbini? Chini lina sensa za kuogopa ngazi, zinatazama kama mwanga unarudi kutoka sakafuni. Zulia jeusi haliurudishi mwanga vizuri kwa hiyo roboti linadhani pale pana shimo. Au sensa zimeshika vumbi tu. Futa kwanza, na kama zulia ni jeusi hiyo sio shida ya kuriseti, ukiriseti mara mia litaliogopa zulia lile lile. Limesimama linalia na haliendi? Lipindue, utakuta nywele, uzi wa mkeka, au zile tamvua za zulia zimejifunga kwenye brashi. Kata kwa mkasi. Na zile nyumba za Mji Mkongwe zenye vizingiti virefu, mengi yanapanda kiasi cha sentimita mbili tu, kwa hiyo likikwama mlangoni usililaumu, libebe.

Haya yote nayo yaingie kwenye karatasi, lakini kwa sura ya maswali mafupi, yakae juu ya maelekezo ya vitufe: Umeme upo? Chini pamejisokota kitu? Chuma za kuchajia ni safi? Ndio uende kwenye nukta nyekundu.

Kuhusu sahau-waifai nina ujanja mmoja utakaokuokolea muda. Ukibadilisha rauta, iwe ya laini ya simu au ya kampuni ya mtandao, ingia kwenye rauta mpya uipe jina lile lile la zamani na paswedi ile ile ya zamani, herufi kwa herufi, kubwa kwa kubwa. Mara nyingi roboti litajiunga lenyewe na hutagusa kitufe, na tv na kamera vile vile. Kama umeshindwa na lazima ulisahaulishe, kumbuka mengi ya maroboti haya yanasikia waifai ya 2.4 tu, ile ya 5 hayaioni, kwa hiyo kama rauta yako inatoa majina mawili chagua ile isiyo na 5 mwishoni. Na kama roboti ni Xiaomi lililotengenezwa kwa soko la China, ndani ya apu kuna sehemu ya kuchagua nchi, lazima uweke China hata kama uko Mwanakwerekwe, ukiweka Tanzania hulioni. Hii kazi ya apu usimwandikie bi mkubwa, fanya mwenyewe ukirudi.

Karatasi ikimalizika usiibandike bado. Mpe mtu ambae hajawahi kuligusa hilo roboti, kaa pembeni, ufunge mdomo. Usimwelekeze hata kwa macho. Pale anaposita, au anapokutazama, au anaposema "hiki?", weka alama kwenye mstari huo, ndio mstari wa kuandika tena. Utashangaa mana ile sehemu ulioiona rahisi kuliko zote ndio atakayokwama. Na asiejua kusoma vizuri asiachwe, mrekodie sauti yako kwenye simu yake, pole pole, kwa mpangilio ule ule, usome na mistari ya kusubiri: "sasa ngoja, usiguse, ngoja mpaka lizungumze."

Waliochukua la mtumba, iwe Darajani au kwenye kontena la kutoka nje, hapo futa-yote ni lazima, lakini haitoshi. Mengi yamefungwa kwenye akaunti ya mwenyewe wa zamani, na mpaka yeye alitoe kwenye apu yake wewe utaambiwa lina mtu. Kabla hujatoa pesa washa, liunganishe na simu yako pale pale dukani kwa hotspoti, likikataa mrudishie. Angalia na kibandiko cha chaja, kama kimeandikwa 100 mpaka 240 ni sawa, kama kimeandikwa 120 peke yake hilo ni la Marekani na umeme wetu wa 230 utaiunguza chaja. Na wewe ukiuza lako fanya hivo hivo, lifute kwenye apu yako kwanza halafu futa-yote, mana mle ndani kuna ramani ya nyumba yako mpaka chumba cha kulala.

Mwisho kuna siku ambayo karatasi yote haisaidii na haitakiwi kusaidia. Ukiona roboti limefura tumbo, au linatoa harufu kali kama ya plastiki inayoungua, au linakuwa la moto sana likiwa kwenye chaja, hiyo ni betri ya lithiamu imeharibika. Hapo hakuna kubonyeza kitu. Kama hakuna moshi zima swichi ya ukutani, litoe nje kwenye sakafu ya saruji mbali na mazulia na mapazia, na mpigie fundi. Ukiona moshi, usilishike, toa watu nje. Huu mstari uandike kwa kalamu nyekundu, juu kabisa ya karatasi kabla ya mengine yote, na chini yake namba ya simu ya fundi na yako.